Mdogo wangu anataka kuuza chukudu awe "mtu wa nguvu" wa kulipwa. Kuna maisha huko?

#1 Kaka_wa_Ndosho
Wakubwa, salamu. Nina mdogo wangu wa miaka 23, anasukuma chukudu, kile kigari cha mbao cha magurudumu mawili, kati ya Kibumba na soko la Virunga hapa Goma. Viazi, mbao, makala, chochote. Tangu aone kwenye simu kwamba Mwafrika amechukua World's Strongest Man (taji la mtu mwenye nguvu kuliko wote duniani) mwaka 2025, nyumbani hatuna amani. Ameokota mawe ya volkano, ameyapanga nyuma ya choo, na kila jioni anayakumbatia na kuyapandisha juu ya pipa. Ngozi ya mikono kwa ndani imechubuka yote. Anaifunga vipande vya gunia, kesho yake anarudi palepale. Sasa anasema anauza chukudu anunue vyuma. Baba amekasirika, mama anafunga na kuomba, mimi niko katikati.

Ninyi mnaojua: hii ni kazi ya kumlisha mtu au ni mchezo wa watu walioshiba? Na kwa nini vijana wetu wanaobeba vizito tangu utotoni hatuwaoni huko?

#2 Mwana_Birere
Auze chukudu? Chukudu njo inajenga nyumba hapa Goma, mpaka wakaisimamishia sanamu kwenye mzunguko. Mutoto apimwe malaria kwanza.

#3 Vyuma_Katindo
Mimi nina jimu ndogo, mchezo huu naufuata tangu zamani. Aliyeshinda 2025 kule Sacramento, Kalifornia, ni Rayno Nel wa Afrika Kusini. Alimpita Tom Stoltman wa Uskoti kwa nusu pointi tu, na ndiyo mara yake ya kwanza kuingia. Ni Mwafrika wa kwanza kulitwaa taji hilo tangu mashindano yaanze 1977. Sasa mwambie mdogo wako kile ambacho video haikumwonyesha: Nel ni mhandisi wa umeme na alicheza raga kabla ya hapo. Alikuwa na mshahara. Hakuuza chukudu.

#4 Mwana_Birere
Mwafrika wa kwanza, sawa, lakini ni Mwafrika wa namna gani, hehe.

#5 Mama_Sambaza
Mwana_Birere usianze. Afrika Kusini haijahamia Ulaya.

#6 Bobo_Kivu
Kama mnataka mtu anayeongea Kifaransa kama sisi, yupo Cheick Sanou wa Burkina Faso, wanamwita Iron Biby. Mwaka 2021 pale Glasgow alinyanyua gogo la chuma la kilo 229 mpaka juu ya kichwa, rekodi ya dunia. Utotoni walikuwa wanamcheka kwa unene wake. Alikwenda Kanada kusoma, na huko ndiko alikokutana na vyuma. Kwa hiyo "hatuonekani" si kweli kabisa.

#7 Tonton_Office2
Hao wote kwa chukudu wanalia. Nimeona kwa macho yangu kijana anashuka kutoka Kibumba na magunia ambayo pikapu ingekataa. Tani nusu au zaidi. Mleteni huyo Nel hapa apande nayo kilima kimoja tu, halafu tuzungumze.

#8 Fundi_Majengo
Tonton, hiyo mizigo inabebwa na magurudumu, haibebwi na mgongo. Mimi natengeneza chukudu. Kazi kubwa ya kushuka ni usawa na breki: unakanyaga kile kipande cha tairi juu ya gurudumu la nyuma, na unajua ukanyage lini. Ukichelewa kidogo viazi vinakwenda mtaroni na wewe juu yake. Kupanda ndiyo nguvu, na hapo mara nyingi wako wawili au watatu wanasukuma. Simdharau mtu, nasema ni ujuzi mwingine.

#9 Vyuma_Katindo
Fundi amegusa penyewe. Msukuma chukudu anafanya kazi saa nzima, saa mbili, kwa nguvu ya wastani. Mashindano yale, tukio moja huwa sekunde 60, 75, pengine 90, na mzigo ni ule ambao mwili unakaribia kuukataa. Kutembea na vyuma vizito mikononi, kuvuta lori kwa kamba, kupakia mawe ya duara yanayoitwa mawe ya Atlas, yale matano, kila moja zito kuliko lililotangulia. Misuli inayokupeleka Kibumba na kurudi siyo inayokupandishia jiwe la kilo 180 kwa pumzi moja. Nimewapokea watu wa chukudu jimuni kwangu. Miguu na pumzi ni hatari, wanawachosha wote. Ukiweka chuma kizito sana chini waking'oe mara moja, wengi kinawashinda, mpaka wafundishwe miezi kadhaa.

#10 Tonton_Office2
Kwa hiyo tatizo ni kufundishwa tu. Ndicho nilichosema.

#11 Vyuma_Katindo
Hukusema hivyo popote.

#12 Mama_Sambaza
Mimi nauza chakula, acheni niseme la chakula. Nimesoma kwamba Brian Shaw, yule Mmarekani aliyeshinda mara nne, alikuwa anakula zaidi ya kalori 10,000 kwa siku. Unga mkavu wa mahindi, kilo moja ina kama kalori 3,600. Piga hesabu: ni karibu kilo tatu za unga kila siku, na hapo bado hujagusa nyama, mayai, samaki. Kaka wa Ndosho, huyo mdogo wako anakula nini jioni?

#13 Kaka_wa_Ndosho
Bugali na sombe. Maharage yakiwepo. Sambaza siku ya Jumamosi. Ana mita 1.74 na kilo 76.

#14 Mama_Sambaza
Basi jibu lako lipo kwenye sufuria. Watoto wa hapa hawakosi nguvu, wanakosa sahani.

#15 Mwana_Birere
Ale jibini ya Masisi. Gurudumu nzima asubuhi, gurudumu nzima jioni. Ataisha anafanana nayo.

#16 Bobo_Kivu
Chakula hakielezi yote. Kuna matajiri wengi Goma wanakula vizuri kuliko huyo Shaw na ngazi mbili zinawatoa jasho. Mimi naona ni umbo la kuzaliwa. Hafþór Björnsson wa Iceland ana mita 2.06. Shaw naye amepita mita 2. Mita 1.74 hata ukiilisha ng'ombe haitakuwa mita 2.

#17 Vyuma_Katindo
Bobo, Mariusz Pudzianowski wa Poland alikuwa na mita 1.86 na ndiye pekee aliyechukua taji mara tano: 2002, 2003, 2005, 2007 na 2008. Alikuwa mwepesi kuliko wengi aliowashinda, aliwamaliza kwa kasi. Halafu wengi hawajui kwamba nje ya lile taji kubwa kuna mashindano ya uzito: chini ya kilo 105, chini ya 90, hata chini ya 80. Mdogo wa Ndosho mlango wake ni huko. Fedha ya huko lakini ni ndogo sana, nisimdanganye.

#18 Papa_Jules_Himbi
Umri je? 23 si amechelewa?

#19 Vyuma_Katindo
Hapana. Oleksii Novikov wa Ukraine alishinda 2020 akiwa na miaka 24, huyo ndiye kijana. Upande mwingine kuna Mark Felix, mzaliwa wa Grenada anayeishi Uingereza, alishindana na hawa majitu akiwa amepita miaka 50. Na kazi yake ilikuwa fundi wa kupiga plasta. Mikono yake kwa kushika hakuna aliyemweza.

#20 Fundi_Majengo
Fundi plasta! Hiyo naiamini. Mtu aliyeshika mwiko na karai miaka yote, ukimpa mkono wa salamu unajuta.

#21 Muganga_Himbi
Mimi ni muuguzi, naomba mnisikie kabla hamjamtuma mtoto wa watu. Ukibana pumzi na kunyanyua kizito kupita kiasi, shinikizo la damu linaruka juu sana kwa sekunde hizo. Jón Páll Sigmarsson wa Iceland, bingwa mara nne, alikufa Januari 1993 akiwa na miaka 32, yuko jimuni kwake ananyanyua chuma. Mshipa mkubwa wa damu ulipasuka. Eddie Hall wa Uingereza, ndiye mwenye rekodi ya kilo 500 kutoka chini, aliinyanyua Leeds mwaka 2016, damu ikamtoka puani na akasema mishipa ilipasuka kichwani. Mwaka uliofuata alichukua taji na hakurudi tena kulitetea. Wengi wao wanalala na mashine ya kusaidia kupumua kwa sababu shingo na uzito vinabana koo. Mashine ya umeme. Mnajua umeme wetu.

#22 Bobo_Kivu
Muganga, rekodi si ya Hall tena. Björnsson alinyanyua 501 mwaka 2020 jimuni kwake, watu wakabishana miaka kwa kuwa haikuwa mashindanoni. Mwaka 2025 akamaliza ubishi: 505, halafu 510.

#23 Muganga_Himbi
Kwa mshipa wa damu kilo 10 hazibadilishi kitu. Tuongeze na mkono: wanaponyanyua jiwe kwa kulivuta na kiwiko kilichokunjwa, msuli wa mbele unakatika, unaona kabisa umejikunja juu kwenye bega. Hapa nani atakushonea na kwa pesa gani?

#24 Jean_wa_Chukudu
Nimejiunga leo kwa ajili ya uzi huu. Mimi nimesukuma chukudu tangu shule inishinde kulipa. Muganga anasema hatari. Ngiri ninayo. Goti la kushoto ndilo ninaloliweka juu ya chukudu nikiendesha, asubuhi halikunjiki. Wenzangu wengine wamegongwa na malori. Hakuna aliyetupigia makofi wala kutupa kombe. Kwa hiyo mnapomwambia kijana "usiende huko utaumia", mjue alipo sasa anaumia vilevile, tena bure. Mimi ningekuwa na miaka 23 ningeuza.

#25 Mama_Sambaza
Pole sana yaya, kaka yangu. Hiyo ngiri imepata muganga?

#26 Jean_wa_Chukudu
Naambiwa nipasuliwe. Nitapasuliwa, nitalala wiki ngapi, na nani atasukuma?

#27 Muganga_Himbi
Jean, nikutumie ujumbe pembeni. Usiache likakaa.

#28 Mzee_wa_Kabare
Niko Bukavu, ninawasoma. Mnabishana kama jambo hili limeanza jana kwenye simu. Babu zetu walibeba mizigo ya Force Publique, jeshi la kikoloni la Wabelgiji, mpaka Tabora mwaka 1916, masanduku ya risasi kichwani, wengi hawakurudi. Hiyo ndiyo "kariya" (kazi ya maisha) ya nguvu ya kwanza tuliyopewa. Nadhani ndiyo sababu mzazi wa huku akisikia mtoto anasema atakula kwa mgongo wake, anakasirika. Hakumsomesha ili abebe. Baba wa huyu kijana simlaumu.

#29 Nabintu_Bkv
Mzee shikamoo. Niongeze kitu, maana mmejaza wanaume tupu. Kama ni nguvu, njooni Bukavu asubuhi mama wanapotoka bandarini na magunia. Kamba inapita kwenye paji la uso, gunia liko mgongoni, anapanda kwenda Kadutu, pengine na mimba. Mkanda wa kamba unaacha alama ambayo kitambaa hakifichi. Wanawake nao wana mashindano yao ya dunia ya nguvu siku hizi. Mbona hakuna anayeuliza "kwa nini mama zetu hawaonekani"?

#30 Mwana_Birere
Kwa sababu wakionekana sisi wanaume tutahama mji.

#31 Tonton_Office2
Mnazunguka tu. Mimi nitasema ambalo wote mnaliogopa: dawa. Nusu ya hao ni sindano. Na hapa kwetu tuna dawa za namna nyingine, angalieni catch, ile mieleka ya Kinshasa, mtu anatoka kwenye jeneza, anampulizia mwenzake unga, mwenzake anaanguka. Kila mtu na duka lake la dawa.

#32 Vyuma_Katindo
Catch ni maonyesho, Tonton, usiyachanganye. Kuhusu sindano, ni kweli wapo waliokiri hadharani, na katika mchezo huu upimaji si mkali kama Olimpiki. Lakini ukiwapa sindano hizohizo vijana mia wa mtaani, hutapata Björnsson hata mmoja. Na hapa hizo dawa zinazouzwa kwa mafungu sokoni, hata ukinipa bure sizigusi. Ndani hujui kuna nini. Kijana mmoja wa kwangu alinunua, akavimba uso, nikamfukuza jimuni mpaka aache.

#33 Papa_Jules_Himbi
Turudi kwenye swali la kaka: pesa. Hao wanakula wapi?

#34 Leeds_Mashariki
Naweza kujibu hilo kidogo, niko Uingereza miaka mingi, mzaliwa wa Mabanga. Nilikwenda kuwaangalia ukumbini. Tiketi zimeisha, watoto wamebebwa mabegani, ni sherehe kabisa. Lakini zawadi ya shindano inawafaa walio juu kabisa tu. Wengine wanaishi kwa wadhamini, YouTube, kuuza nguo na mikanda, kufundisha, kumiliki jimu. Eddie Hall alikuwa fundi wa malori hata alipokuwa tayari anajulikana. Luke Stoltman, kaka yake Tom, alifanya kazi kwenye mitambo ya mafuta baharini. Hall na Björnsson walipata pesa kubwa walipopigana ndondi Dubai 2022 kuliko mawe mengi waliyobeba. Pudzianowski akahamia MMA, mapigano ya ndani ya kizimba cha wavu. Kwa hiyo hata huku, mtu anaingia akiwa na kazi nyingine mkononi.

#35 Bobo_Kivu
Na viza? Sahau misuli. Kutoka Goma hii, tangu uwanja wa ndege ufungwe Januari 2025, mtu anapita Rwanda kwanza, atafute pasipoti, aonyeshe karatasi za benki. Msukuma chukudu ana karatasi gani ya benki? Mimi hapo ndipo naona jibu la "kwa nini hatuonekani". Jiwe zito kuliko yote ni pasipoti.

#36 Mwana_Birere
Bobo amekuwa mhubiri.

#37 Vyuma_Katindo
Lakini mashindano yalishakuja karibu. 2001 na 2003 yalifanyika Zambia, kwenye maporomoko ya Victoria. 2017 Gaborone, Botswana, ndipo Hall aliposhinda. Watu wa Lubumbashi wangefika kwa basi.

#38 Mulushois_Katuba
Mmeita Lubumbashi nimekuja. Kwa basi kufika, ndiyo. Kushindana, hapana, huko hawaingii waliopita njiani, wanaalikwa kwa majina na kwa mashindano ya kufuzu. Hapa kwetu tuna watu wanaoleta makala kwa baiskeli, magunia yamepita urefu wa mtu, na wao vilevile wapenzi wa video wanasema "huyu angekuwa bingwa". Hakuna shirikisho linaloshughulika nao. Mpira ukichukua pesa zote, mchezo mwingine unakufa. Ndondi angalau ilipata bingwa wa dunia, Makabu, mwaka 2020.

#39 Kaka_wa_Ndosho
Aksanti wote. Nimemsomea mdogo wangu baadhi ya haya. Ya chakula ameyakubali. Ya muganga amenyamaza. Ya Jean amenirudishia mara tatu. Halafu akasema niwaambie jiwe lake kubwa ni kilo 130 na analipandisha kifuani.

#40 Fundi_Majengo
Amelipima wapi?

#41 Kaka_wa_Ndosho
Anakadiria.

#42 Fundi_Majengo
Haya, hapo ndipo kwenye taaluma yangu. Jiwe la hapa lina matundu. Kuna lile la ndani, zito, jeusi linalong'aa ukilipasua, na kuna lile la juu la povu, jepesi mpaka linakushangaza. Ukubwa uleule, uzito tofauti kabisa. Anaweza kukumbatia jiwe kama ngoma ya kanisani na lisifike 80. Akitaka ukweli atengeneze la zege. Duara la sentimita 40 kwa zege la kawaida ni kilo 80 hivi, la sentimita 50 ni karibu 157. Sentimita kumi tu zinazidisha uzito mara mbili. Ila asitumie kokoto ya volkano nyepesi, atajidanganya tena. Mchanga na kokoto ya mawe mazito.

#43 Vyuma_Katindo
Na la duara halina pa kushika, ndipo atajua. Lile lake la volkano lina kona na makali, linamchuna ngozi lakini pia linampa mshiko. Wanaoshindana wanapaka utomvu mzito mikononi ili jiwe lisiteleze. Fundi, unaweza kumfinyangia moja?

#44 Fundi_Majengo
Naweza, akileta saruji yake. Kalibu napata kwa mpira mkubwa wa plastiki, naufunga kwa udongo, namwaga nusu nusu. Akishika vizuri aniletee na mteja.

#45 Tonton_Office2
Mimi nasema lile jiwe ni 130. Mtu wa chukudu anajua uzito kwa mkono.

#46 Mama_Sambaza
Tonton wewe kuku wangu ulimkadiria kilo tatu, mizani ikasema moja na nusu.

#47 Tonton_Office2
Mizani yako hiyo mama, tusiiongelee.

#48 Papa_Jules_Himbi
Mizani ya sokoni haitabeba jiwe hilo. Nani anajua penye mizani kubwa upande wa Ndosho?

#49 Jean_wa_Chukudu
Wanaonunua vyuma chakavu wana ya kuning'iniza, inafika kilo 200. Wanataka franka kidogo kwa kupima. Jiwe nitalibeba mimi, chukudu yangu iko bure Jumapili mchana.

#50 Muganga_Himbi
Jean, na ngiri hiyo? Asukume mwenye jiwe.

#51 Kaka_wa_Ndosho
Atasukuma mwenyewe, chukudu hajaiuza bado. Saa nane basi. Tonton na wewe uje, na uje na dau lako.

#52 Tonton_Office2
Jumapili nina kikao cha ukoo.